Zebaki Nyekundu: Metali Isiyokuwapo

Mjini Tanga, na katika vijiji vya Muheza, Korogwe na Lushoto, husimuliwa habari za mali iliyofukiwa na Wajerumani. Utawala wao umeacha athari nyingi mkoani humo: reli ya Usambara iliyoanza kujengwa mwaka 1893, kituo cha utafiti cha Amani kilichoanzishwa mwaka 1902, nyumba za mawe na makaburi. Waingereza walipoitwaa Tanga mwaka 1916, yasema masimulizi, waliokimbia waliacha hazina ardhini. Kati ya vitu vinavyodaiwa kuwamo katika hazina hizo, kipo kimoja kinachosemekana kuishinda dhahabu kwa thamani, nacho ni zebaki nyekundu.

Wengine hudai kuwa metali hiyo imo ndani ya rupia za kale. Wengine huitafuta katika vyerehani na redio kuukuu. Husemwa kwamba haionekani kiooni, huivuta dhahabu, hukimbia kitunguu saumu, na humtajirisha aliye nayo.

Imani hii imeenea mbali. Dola ya Kisovieti ilipovunjika mwaka 1991, matapeli wa Ulaya waliwauzia watu zebaki nyekundu kwa madai kwamba hutengenezea bomu la nyuklia. Mwaka 2004 Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki lilitamka kuwa kitu hicho hakipo. Hata hivyo, mwaka 2009 bei ya vyerehani vikuukuu vya Singer ilipanda ghafla nchini Saudia, kwa uvumi kwamba vina metali hiyo ndani.

Zebaki ya kweli

Zebaki ni elementi ya 80, na alama yake ni Hg. Ni metali yenye rangi ya fedha, nayo ni kimiminiko katika joto la kawaida, kwani huganda inapofikia nyuzi 39 hivi za Selsiasi chini ya sifuri. Densiti yake ni gramu 13.6 kwa kila sentimita moja ya ujazo.

Vitu vyekundu vyenye zebaki vipo. Sinabari, yaani mawe ambamo zebaki hupatikana, ni kampaundi ya zebaki na salfa, nayo ni nyekundu. Oksaidi ya zebaki pia huwa nyekundu. Ndiyo aliyoipasha moto Joseph Priestley mwaka 1774 akapata oksijeni. Lakini hizo ni unga au mawe, wala si metali ya majimaji, na sifa zake zinafahamika katika kila kitabu cha kemia.

Hata dai la kuivuta dhahabu lina chembe ya ukweli. Zebaki haiivuti dhahabu kutoka mbali kama sumaku ivutavyo chuma. Bali vikigusana, dhahabu huyeyuka ndani ya zebaki na kufanya mchanganyiko uitwao amalgamu. Wachimbaji wadogo huitumia tabia hiyo kukusanya chembe za dhahabu mchangani.

Kuyapima madai

Mwanafunzi wa sekondari anaweza kuyapima madai haya. Kwanza ni lile la kioo. Kitu huonekana kwa sababu nuru itokayo kwake hufika machoni. Nuru hiyo hiyo ikikipiga kioo, hurudishwa. Basi kitu kinachoonekana kwa macho lazima kionekane kiooni pia. Muuzaji anayeonyesha kimiminiko kisichokuwa na taswira kiooni anafanya kiinimacho.

La pili ni lile la rupia. Rupia moja ya fedha ya Kijerumani ina uzito wa gramu 11.66, sehemu 917 katika kila 1,000 ni fedha, na zilizobaki ni shaba. Ikining'inizwa kwenye mizani na kuzamishwa majini, uzito wake huonekana kupungua kwa gramu 1.1 hivi. Kwa kanuni ya Archimedes, densiti yake ni gramu 10.3 hivi kwa sentimita moja ya ujazo, kama inavyotazamiwa kwa fedha iliyochanganywa na shaba. Zebaki tupu ya ujazo huo ingekuwa na uzito wa gramu 15 na zaidi. Upimaji huu hauhitaji kuivunja wala kuipasha moto sarafu.

Hatari iliyopo

Anayeitafuta zebaki isiyokuwapo hupoteza fedha zake, na pengine hubomoa nyumba za kale na kufukua makaburi. Lakini huweza pia kukutana na zebaki iliyopo, kwa kuuziwa au kwa kuvunja vipimajoto. Mvuke wake hauna harufu wala rangi. Ukivutwa kwa pumzi, hudhuru ubongo, mishipa ya fahamu na figo. Anayeipasha moto jikoni huwatilia sumu jamaa zake wote.

Majini, bakteria huigeuza kuwa methilizebaki, ambayo hujikusanya katika samaki na kumfikia mlaji. Kwa kula samaki wenye methilizebaki ndivyo walivyoathirika watu wa Minamata huko Japani, ambako ugonjwa huo ulitambuliwa mwaka 1956.

Jambo hili linaihusu Tanga. Mnamo miaka ya 2003 na 2004 wachimbaji waliingia katika misitu ya Usambara Mashariki kutafuta dhahabu. Katika milima hiyo ndimo uanzapo mto Zigi, ambao maji yake hukingwa katika bwawa la Mabayani na kupelekwa Tanga mjini. Zebaki ikimwagwa katika vijito vya juu, huweza kuteremka pamoja na maji na matope hadi kwa wanywaji.

Chombo cha kuilinda jamii na hadaa hii kimo katika kila maabara ya shule: mizani, gilasi ya maji na kioo. Mwanafunzi aliyekwisha kuipima rupia kwa mkono wake mwenyewe atakuwa na jibu siku atakapoletewa chupa ya zebaki nyekundu.