Senetwet, Mti wa Kibuyu cha Maziwa

Mwaka mmoja nilipokuwa likizoni nyumbani, upande wa Bomet, mama yangu alinituma nikamkatie kijiti cha senetwet, apate kutengeneza vibuyu vyake vya maziwa. Nilikwenda hadi mpakani mwa shamba la chai, nikaona mti mdogo wenye maua ya manjano, nikakata tawi. Mama alilitazama mara moja tu, akacheka. "Mwanangu," akasema, "umekaa ofisini hata umeusahau mti wa kwenu? Huu sio." Mimi niandikaye kila siku majina ya watu na mashamba yao, nilishindwa kuutambua mti mmoja. Tangu siku ile nimejifunza habari zake, na leo nawapa wasomaji wenzangu niliyoyapata.

KAZI YAKE NYUMBANI

Wakipsigis na Wanandi wote waijua kazi ya senetwet, lakini kwa faida ya wasomaji wa makabila mengine nitaieleza. Kijiti kilichokauka huchomwa ncha mpaka kiwe kaa la moto, kisha hutiwa ndani ya kibuyu safi na kusuguliwa pande zote hata kibuyu kiwe cheusi ndani. Majivu yaliyozidi hukung'utwa. Ndipo maziwa yaliyochemshwa na kupoa hutiwa, kibuyu hufunikwa, na baada ya siku kadhaa hupatikana mursik, yenye rangi ya kijivu na harufu njema ya moshi. Hayo ndiyo maziwa wanyweshwayo wanariadha wetu warudipo na ushindi kutoka ng'ambo.

NAMNA YA KUUTAMBUA

Wataalamu wa mimea waliuita Cassia didymobotrya katika mwaka 1839. Tangu 1982 jina lake ni Senna didymobotrya. Ni wa ukoo mmoja na sanamaki, ile dawa ya tumbo ijulikanayo sana pwani. Asili yake ni Afrika, nao hupenda kando za mito, mipaka ya mashamba na mahali palipolimwa kisha pakaachwa.

Alama zake ni nne. Kwanza, shada la maua husimama wima kama mshumaa: maua ya chini yamefunguka, ya manjano, na yale ya juu yasiyofunguka bado yamefunikwa na vikonyo vyeusi au vya hudhurungi. Pili, kila jani lina vijani vingi vilivyopangwa jozi jozi, kwa kawaida jozi 8 hadi 18. Tatu, ganda la mbegu ni bapa. Nne, ukilifikicha jani mkononi, hutoa harufu inayofanana na ya bisi za mahindi.

Mti niliomletea mama ulikuwa mgeni kutoka Amerika, uitwao Senna septemtrionalis. Maua yake pia ni ya manjano, lakini hauna ncha nyeusi juu ya shada, jani lake lina jozi 3 hadi 5 tu, na ganda lake ni la mviringo kama kalamu. Laiti ningalihesabu vijani, nisingalichekwa.

UA LISILO NA ASALI

Ua la senetwet halina asali hata tone. Hata hivyo nyuki weusi wakubwa, wale watoboao mbao za nyumba, hulizuru kwa bidii, kwa sababu wanataka chavua, yaani ule unga wa ua. Unga huo umefungiwa ndani ya vifuko vyenye tundu dogo nchani. Nyuki hukikumbatia kifuko, akautikisa mwili wake kwa nguvu na kuvuma, na unga ukamwagika. Sehemu ya unga humshika mwilini, naye huipeleka katika ua jingine.

La ajabu zaidi ni kwamba katika maua mengine sehemu ya kike imepinda kulia, na katika mengine kushoto. Hivyo unga ulioshika ubavu mmoja wa nyuki hufika barabara kwenye ua lililopinda upande wa pili. Basi mtu awafukuzaye nyuki hao wote awanyima miti yake mbegu.

KUUPANDA

Chuma maganda yakiisha kukauka na kuwa meusi. Ganda la mbegu ni gumu. Kwa hiyo zimwagie maji ya moto, uziache zilale humo usiku kucha, kisha uzipande kitaluni. Miche ihamishwe mvua kubwa zianzapo, mahali penye jua. Usiipande katikati ya chai. Mpakani au karibu na kijito panatosha. Kata matawi mara kwa mara, nao utachipua tena.

Wengi hudhani kwamba, kwa kuwa una maganda kama maharagwe, senetwet hutia rutuba ardhini kama maharagwe yafanyavyo. Sivyo, kwani mizizi yake haina vile vifundo vifanyavyo kazi hiyo.

Tena tahadhari: majani, maganda na mizizi yake ina sumu. Watu hunywa maji yake kama dawa ya kuendesha tumbo, lakini kipimo kikizidi ni hatari kubwa. Mgonjwa na apelekwe hospitali. Wala usiwapelekee mbegu rafiki walio nchi za mbali, kwa maana huko Afrika ya Kusini umekwisha kuwa gugu linalopigwa vita kwa sheria.

Tangu chai ilipoanza kupandwa kwa biashara Kericho katika miaka ya 1920, imetuletea karo za shule na mabati ya nyumba, wala sisemi tuiache. Lakini kwetu tumelima mpaka ukingoni mwa mto, na kila kichaka chenye maua tukakiita gugu. Mama zetu sasa huenda mbali kutafuta kijiti ambacho zamani kilikuwa nyuma ya nyumba.

Mwaka uliofuata nilipanda miche sita mpakani kwetu. Ilipochanua, mama alifikicha jani moja, akalinusa, akasema, "Huu ndio." Ndugu msomaji, miche sita haitakupunguzia chai ya kuuza. Panda, na uwaonyeshe watoto wako jinsi ya kuhesabu vijani.