SIMBA NA YANGA: TIMU ZA KARIAKOO, PRESHA MPAKA SHIGHATINI

Huku Shighatini ukungu ni ule ule, migomba ipo, na ubishi wa Simba na Yanga nao upo kama kawa. Leo siasa naiweka pembeni kidogo, maana vijana wengi mnapenda kuuliza: hivi kwa nini mtu wa Ugweno, ambaye wengine hata Dar hawajawahi kufika, anakosa usingizi kwa sababu ya timu zenye makao yao Kariakoo? Kutoka hapa mpaka kule ni karibu kilomita 500!

Jibu fupi ni hili: hizi timu hazikuenea nchi nzima kwa makombe peke yake. Zilienea kwa sababu watu waliambiwa ni zao, wakaamini. Na hilo neno "zao" ndilo lenye utata siku hizi. Nivumilieni niwape historia kwanza.

WALIANZA KAMA NDUGU

Yanga, yaani Young Africans, inahesabu kuzaliwa kwake mwaka 1935. Vijana wa Kiafrika wa Dar es Salaam walikuwa wanacheza viwanja vya Jangwani enzi za Mwingereza, wakaunda timu yao wenyewe. Haikupita muda wakatibuana. Mwaka 1936 kundi moja likajitoa na kuanzisha timu yake. Hiyo ndiyo Simba ya leo, ingawa haikuanza na jina hilo. Iliitwa Queens, ikaitwa Eagles, halafu ikadumu miaka mingi kwa jina la Sunderland, kama ile timu ya Uingereza. Jina la Simba lilikuja mwaka 1971, wakati nchi ilikuwa inaachana na majina ya wakoloni.

Kwa hiyo msidanganyane vijiweni, hawa si maadui wa asili. Ni ndugu waliogombana wakagawana nyumba, na nyumba zenyewe ziko jirani. Yanga wako mtaa wa Twiga na Jangwani, Simba wako mtaa wa Msimbazi. Unatoka kwa huyu unakwenda kwa yule kwa miguu. Ndiyo maana hawaitani adui, wanaitana mtani wa jadi. Sisi Wapare tunalijua vizuri neno utani. Watani zetu wanasema Mpare yuko radhi auze ng'ombe aendeshe kesi ya kuku. Unacheka, unamrudishia lake, maisha yanaendelea. Mtani anakusema mbele ya msiba wako na huruhusiwi kununa.

Majina ya utani nayo ni historia tosha. Yanga wanajiita Wananchi, lakini mtani anawaita vyura, kwa sababu bonde la Jangwani mvua ikinyesha linajaa maji. Zamani waliitwa Kandambili, siku hizi ni Utopolo. Simba wanajiita Mnyama au Wekundu wa Msimbazi, mtani anawaita Mikia, na siku hizi Makolo. Rangi mnazijua, kijani na njano kwa Yanga, nyekundu na nyeupe kwa Simba. Huku kwetu ukivaa shati jekundu siku ya mechi jiandae kwa maswali, hata kama wewe ulikuwa unakwenda zako harusini.

KUMBUKUMBU ZINAZOUMA

Ligi ya taifa ilianza 1965 na bingwa wa kwanza alikuwa Sunderland. Yanga wakaja juu, wakabeba mara tano mfululizo kuanzia 1968 hadi 1972. Simba nao wakajibu kwa tano mfululizo, 1976 hadi 1980. Timu za mikoani zilipenya mara chache: Mseto ya Morogoro 1975, Tukuyu Stars 1986, Coastal Union ya Tanga 1988, Mtibwa Sugar 1999 na 2000. Hadi msimu wa 2024/25 unaisha, Yanga walikuwa na mataji 31 na Simba 22. Wengine wote tunawahesabu kwa vidole.

Lakini shabiki hasa hahesabu makombe, anahesabu vipigo. Tarehe 1 Juni 1968 Yanga walimpiga mtani 5-0. Simba wakakaa na hilo deni miaka tisa, wakalilipa na riba Julai 19, 1977: 6-0, Abdallah Kibadeni akifunga matatu peke yake. Mei 6, 2012 Simba wakaongeza 5-0. Yanga wakasubiri mpaka Novemba 5, 2023 ndipo wakapata 5-1 yao. Halafu kuna ile ya Oktoba 20, 2013: Yanga wanaongoza 3-0 mapumziko, watu wameshaanza kusherehekea, mpira unaisha 3-3. We acha tu!

Mechi ambayo mimi naiona ya kipekee ni ile ya Agosti 1974, na haikuchezwa Dar. Ilichezwa Nyamagana, Mwanza, ya kuamua bingwa. Simba walitangulia, Gibson Sembuli akasawazisha dakika za mwisho, wakaingia muda wa nyongeza, Sunday Manara "Kompyuta" akafunga la pili, Yanga 2-1. Watu wa kanda ya ziwa waliiona kwa macho yao. Sisi wa milimani tulibaki na redio.

REDIO NDIYO ILIYOTUFUNGA

Hapa ndipo swali lenu linapojibiwa. Kabla ya televisheni nchi nzima ilikuwa inasikiliza kituo kimoja, Radio Tanzania Dar es Salaam. Baba mkubwa wangu alikuwa anaanika betri juani tangu asubuhi ili zipate nguvu ya jioni. Kina mama wanachambua kahawa, wazee wako kimya, na sauti za akina Charles Hilary zinakuonyesha mpira usiouona. Huwezi kumsikiliza mtu anakuelezea vita ya ndugu wawili halafu usichague upande. Baba akichagua, watoto wamerithi, kama shamba.

Halafu kuna ndugu zetu walioshuka kwenda kufanya biashara Kariakoo. Desemba wakipanda kurudi nyumbani wanakuja na sukari, kanga na habari za timu, tena wanazisimulia kama vile wao ndio waliocheza.

Na msisahau, Yanga ya zamani ilijihusisha sana na harakati za uhuru. Kushangilia timu ya Waafrika mbele ya mkoloni haikuwa burudani tupu.

Matokeo yake nimeyaona mwenyewe. Polisi Tanzania ilikuwa Ligi Kuu kuanzia 2019 hadi iliposhuka 2023, na ilikuwa inatumia uwanja wa Ushirika pale Moshi. Simba au Yanga wakija, uwanja unajaa watu wa Kilimanjaro waliovaa jezi za wageni. Mwenyeji alikuwa kama yuko ugenini!

MILA ZA DERBY

Wiki ya mechi ina mambo yake. Timu zinakimbilia visiwani kujificha, Simba Unguja na Yanga Pemba, ingawa si kila mara. Kuna "kamati ya ufundi", na mnajua ufundi unaosemwa hapo si wa mguu. Timu zimeshawahi kuruka ukuta au kugoma kupita mlango wa kawaida kwa kuogopa kilichomwagwa pale, na faini wakatozwa. Mimi kwenye hayo sina imani, lakini wapo wanaoapa kwamba bila hayo timu haishindi. Ukiuliza mbona wote wanafanya na mmoja anafungwa, unaambiwa wa mwenzake alikuwa mkali zaidi. Haya bwana.

Mila nzuri ni Simba Day, iliyoanza 2009 na kuhusishwa na Agosti 8, sikukuu yenyewe ya Nane Nane, ingawa si kila mwaka inaangukia tarehe hiyo. Yanga nao wana Wiki ya Mwananchi. Uwanja wa Benjamin Mkapa, uliofunguliwa 2007 na wenye viti 60,000, unajaa watu waliokuja kuangalia wachezaji wakitambulishwa tu.

SASA ZA NANI?

Tangu mwanzo hizi zilikuwa klabu za wanachama. Una kadi, unalipa ada, unapiga kura. Vurugu zilikuwa nyingi, tusifiche. Katikati ya miaka ya 1970 Yanga ilipasuka mpaka ikazaliwa Pan African, ambayo ikaja kuwa bingwa 1982. Baadaye wakagawanyika tena, Yanga Kampuni upande huu, Yanga Asili upande ule. Ugomvi ulikuwa ule ule: klabu igeuzwe kampuni au ibaki ya wanachama?

Simba walijibu kwanza. Desemba 2017 Mohammed Dewji alitangazwa mshindi wa zabuni kwa Sh bilioni 20. Serikali ikasimamia kwamba mwekezaji asizidi asilimia 49, wanachama wabaki na 51. Yanga nao wanachama wao walipitisha mfumo kama huo Juni 2021.

Pesa imefanya kazi, nani atabisha? Simba wakachukua ligi mara nne mfululizo kuanzia 2018, Yanga nao nne kuanzia 2022. Yanga wakafika fainali ya Kombe la Shirikisho Afrika 2023, wakalikosa kwa goli la ugenini mbele ya USM Alger. Simba wakafika fainali hiyo hiyo 2025, wakatolewa na RS Berkane. Kabla ya hapo fainali pekee ilikuwa ile ya Simba na Stella Abidjan mwaka 1993, ya Kombe la CAF.

Ila angalieni kwa wenzetu. Marekani kuna mchezo wa besiboli, timu kule zina tajiri mwenyewe. Pale Brooklyn, New York, walikuwa na timu yao Dodgers, wazee na watoto wanaipenda kufa. Baada ya msimu wa 1957 mwenye timu akaihamishia Los Angeles, upande wa pili wa nchi! Mashabiki walilia, lakini hawakuwa na kura. Sisi ile 51 ndiyo kinga yetu, na kinga ambayo haitumiki haina maana.

Machi 8, 2025 derby iliahirishwa siku yenyewe ya mechi, baada ya Simba kugoma wakisema walizuiwa kufanya mazoezi uwanjani. Watu walikuwa wameshasafiri kutoka mikoani kwa nauli zao. Ikaja kuchezwa Juni 25, Yanga wakashinda 2-0. Aliyepanda basi Machi nani alimuuliza?

Kwa hiyo, vijana wenzangu, kulia kwa ajili ya timu ruksa. Lakini jezi haipigi kura, kadi ndiyo inayopiga. Hapa Shighatini mashabiki ni wengi kuliko migomba, wenye kadi nawahesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Halafu tunasema "timu yetu". Mpare anayeuza ng'ombe kwa kesi ya kuku leo anashindwa kulipia kadi? Jamani!

Haya, uwanja ni wenu. Mwenye kadi aseme imemsaidia nini, asiye nayo aseme kwa nini. Matusi hapana, utani ruksa. Naomba kuwasilisha.