KUACHILIWA SI MWISHO WA KESI

Ndugu wafanyakazi,

Mwenzetu akishitakiwa kwa wizi wa kiwandani au wa shambani, kisha hakimu akamwachilia kwa kuwa mashahidi ni dhaifu, sisi hushangilia na kuisahau kesi. Siku chache baadaye yaweza kuja karatasi: parke, yaani waendesha mashitaka wa serikali, imekata rufaa. Hapo mwenzetu anababaika. Mkubwa wa kazi anamwambia, "Ngoja kwanza kesi iishe." Nyumbani watoto wanasubiri chakula.

Kwa sheria ya Burundi, si mshitakiwa peke yake anayeweza kukata rufaa. Parke pia yaweza. Aliyedai fidia naye aweza, ila kwa fidia yake tu. Kwa hiyo hukumu ya kuachiliwa haiwi ya mwisho mpaka muda wa rufaa upite au mahakama ya juu iamue.

Tutazame kesi moja ya jirani zetu wa Kongo. Tarehe 24 Februari 2003 kijiji cha Bogoro, katika Ituri, kilishambuliwa na raia wengi wakauawa. Mathieu Ngudjolo Chui, aliyekuwa muuguzi, alishitakiwa kwa shambulio hilo mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, The Hague. Tarehe 18 Desemba 2012 majaji 3 walimwachilia kwa kauli moja.

Hawakusema kwamba Bogoro hakukufa mtu. Walisema mashahidi 3 wakubwa wa mashitaka hawawezi kutegemewa. Mashahidi hao walijieleza kuwa walikuwa wapiganaji, lakini habari za umri wao na za shule walizosoma hazikupatana. Majaji wenyewe walikuwa wamekwenda Ituri Januari 2012 kupaona mahali kwa macho yao, na walilaumu uchunguzi kwa mapungufu yake. Waliongeza neno la kukumbuka: mtu kutopatikana na hatia si lazima maana yake hana kosa, bali ushahidi haukutosha.

Siku 2 baadaye mwendesha mashitaka alikata rufaa. Ikapita miaka 2 na zaidi. Tarehe 27 Februari 2015 majaji 3 kati ya 5 wa rufaa waliithibitisha hukumu ya kwanza, 2 hawakukubali. Ndugu, tazameni jinsi jambo lilivyokuwa karibu kugeuka!

Katika mahakama ile, majaji wa rufaa hawaulizi tu kama wao wangeamua vingine. Wanauliza kama jaji mwenye busara, aliyewaona mashahidi uso kwa uso, angeweza kufikia uamuzi ule. Hapa kwetu mahakama ya rufaa yaweza kuyapima tena mambo yenyewe, si sheria peke yake. Basi anayekwenda mikono mitupu kwa sababu alishinda mara ya kwanza anajihatarisha.

Tena tusiwasahau watu wa Bogoro. Shahidi dhaifu hakumwumiza mshitakiwa peke yake, aliyekaa kizuizini tangu Februari 2008. Aliwaumiza na wafiwa, ambao kwa mtu huyo hawakupata jibu. Ushahidi mbovu hauna mshindi.

Kwa hiyo tunashauri hivi:

Kwanza, ukiachiliwa, omba nakala ya hukumu na uiweke vizuri. Uliza siku hiyohiyo muda wa rufaa unaishia lini, na utujulishe chamani.

Pili, tunza daftari la zamu, karatasi ya mshahara na majina ya wenzako wa zamu ile. Karatasi haisahau kama binadamu.

Tatu, ukiitwa kuwa shahidi, sema ulichokiona wewe. Ulichosikia kwa mlinzi wa getini si chako. Usitie sahihi wala kidole kwenye maandishi ambayo hukusomewa kwa lugha unayoielewa, hata kama anayekuletea ni msimamizi wako. Leo unamsaidia bosi kumfunga mwenzako kwa maneno ya kubuni. Kesho mwingine atakufanyia wewe.

Mwenzetu mwenye rufaa tusimwache aende mahakamani peke yake. Tulikuwa naye siku ya furaha, tuwe naye na siku ya mashaka.

Umoja ni nguvu!