Kumlisha Samaki Mla Mwani

Je, umepata kuliona tangi la kioo lenye samaki wa mapambo? Matangi ya namna hiyo huwekwa katika nyumba, maofisi na mahoteli. Ukilitazama kwa makini utaona kwamba samaki hawakai wote mahali pamoja. Wengine huogelea juu, karibu na uso wa maji. Wengine hupenda katikati. Wachache hukaa chini kabisa, juu ya changarawe, au hujibandika kwenye kioo kana kwamba wametiwa gundi. Katika somo hili tutajifunza habari za mmoja wa hao wakaao chini, na hasa namna ya kumlisha, kwa maana wengi wao hufa kwa njaa katika nyumba za watu wanaowapenda.

Samaki huyo ni wa jamii ya kambare, lakini asili yake si Afrika. Kwao ni mito ya Amerika ya Kusini, kama vile Amazon na Orinoco. Wafugaji wa samaki wa mapambo humwita pleko. Mwili wake haukufunikwa kwa magamba ya kawaida, bali kwa mabamba magumu ya mfupa, mfano wa vigae vilivyopangwa juu ya paa. Mdomo wake uko upande wa chini wa kichwa, nao ni wa mviringo kama kikombe. Kwa mdomo huo hujifyonza juu ya jiwe, na maji ya mto hata yakienda kasi hayamchukui. Ndani ya mdomo mna safu za meno membamba yanayofanana na brashi. Samaki anapotambaa juu ya jiwe, meno hayo hukwangua utelezi uliolifunika.

Bila shaka umewahi kukanyaga jiwe mtoni ukateleza. Utelezi ule wa kijani una mwani. Watoto wa Unguja na Pemba wanaujua mwani mkubwa wa baharini, unaolimwa ufukoni na kuanikwa. Mwani wa mtoni ni mdogo mno, hata mmoja mmoja hauonekani kwa macho. Tunauona tu ukiwa umekusanyika kwa wingi. Kama mimea, nao hujitengenezea chakula kwa nguvu za mwanga wa jua. Ndani ya utelezi huo mna pia wadudu wadogo na mabaki ya majani yaliyooza. Vyote hivyo huwa chakula cha pleko.

Fanya jaribio hili. Chukua chupa mbili za kioo zenye midomo mipana. Tia katika kila chupa jiwe moja lililotolewa mtoni au bwawani, kisha jaza maji ya mahali pale pale. Weka chupa ya kwanza dirishani penye jua, na ya pili ndani ya kabati lenye giza. Ziache kwa majuma matatu. Utaona kwamba kioo cha chupa ya kwanza kimeanza kuwa kijani, na ukikipangusa kwa kidole kinateleza. Je, chupa ya kabatini ikoje? Maji yale ni yale, na mawe ni yale. Kilichopungua ni mwanga.

Sasa lifikirie tena tangi la nyumbani. Liko ndani ya chumba, mbali na jua. Mwenye tangi hupangusa kioo mara kwa mara ili wageni wawaone samaki vizuri. Mwani utaota wapi? Na hata ule kidogo uliokuwapo, pleko mmoja mwenye njaa huumaliza katika siku chache. Baada ya hapo hali yake ni kama ya ng'ombe aliyefungwa katika ua wa saruji. Ua ni safi kweli kweli, lakini nyasi hakuna.

Kosa huanza pale watu wanapodhani kwamba samaki huyu ni mfagizi. Humnunua ili asafishe tangi, nao huamini kwamba atashiba kwa uchafu na kinyesi cha wenzake. Jambo hilo si kweli. Pleko hali kinyesi. Yeye mwenyewe hutoa kinyesi kingi kuliko samaki wengi wa ukubwa wake. Tena, chakula kinachonyunyizwa juu ya maji huliwa na samaki wa juu kabla hakijafika chini. Basi yeye hubaki na njaa siku baada ya siku, wala hapigi kelele kama mbuzi au kuku.

Utajuaje kwamba ana njaa? Ngoja mpaka ajibandike kwenye kioo, kisha mtazame tumboni. Tumbo la samaki aliyeshiba ni la mviringo kidogo. Tumbo la mwenye njaa limeingia ndani, kama shavu la mtu aliyeugua muda mrefu. Macho yake pia huonekana yamezama. Wakati mwingine pleko mwenye njaa huwafuata samaki wenzake walio wazito na kuwafyonza ute wa ngozi, akawatia vidonda. Watu husema kwamba amekuwa mkali, kumbe anatafuta chakula.

Kabla hatujaeleza chakula chake, tujifunze kwanza juu ya utumbo. Siku moja nyumbani wanapopasua samaki, linganisha utumbo wa sangara na utumbo wa perege. Sangara hula samaki wengine, na utumbo wake ni mfupi. Perege hula mwani na majani, na utumbo wake ni mrefu, umejikunja mara nyingi, tena ni mwembamba. Nyama huyeyushwa upesi tumboni, lakini vyakula vya mimea huchukua muda, kwa hiyo vinahitaji safari ndefu. Utumbo wa pleko ni mrefu zaidi. Katika aina nyingine hupita mara kumi urefu wa mwili wake! Mnyama mwenye utumbo wa namna hiyo amezoea kula kidogo kidogo kwa muda mrefu, wala si kushibishwa mara moja kwa juma.

Mlishe kila siku jioni, taa zinapozimwa, kwa sababu yeye hutembea usiku. Kata kipande cha mumunye, boga au tango chenye unene wa sentimeta 1. Mboga za sokoni huenda zimepuliziwa dawa ya wadudu, na dawa hiyo huua samaki. Kwa hiyo zioshe vizuri na kuondoa ganda. Mwombe mtu mzima akusaidie kukitia kipande hicho katika maji yanayochemka kwa dakika mbili hivi ili kilainike. Kikishapoa, kifunge kwa uzi kwenye jiwe safi na kukizamisha mpaka chini. Jani la mchicha nalo linafaa, likichovywa katika maji ya moto namna hiyo hiyo. Usitie chumvi wala mafuta. Mkate, ugali na wali visitiwe kabisa, kwa maana havikuwa chakula chake na huchafua maji upesi.

Mboga peke yake hazitoshi, hasa tango, ambalo karibu lote ni maji. Kwa hiyo wafugaji wengi huongeza tembe zilizotengenezwa kwa mwani, ambazo huzama. Tembe moja ndogo yatosha samaki mmoja wa urefu wa kidole. Njia nyingine, ambayo haina gharama, umekwisha kuijua: weka mawe kadhaa katika ndoo ya maji penye jua, na yakiota mwani uyatie tangini kwa zamu. Weka pia kipande cha mti mgumu uliokauka na kulowekwa siku nyingi. Aina nyingi za pleko hupenda kuukwangua na kujificha chini yake mchana.

Ukitaka kumpa nyama, mpe kidogo sana. Katika Ziwa Nyasa wako samaki wa miambani waitwao mbuna, na katika Ziwa Tanganyika wako jamaa zao, ambao nao hukwangua mwani juu ya mawe. Samaki hao wa maziwa yetu hufugwa katika matangi ya Ulaya na Marekani. Wafugaji wa huko wamejifunza kwa hasara kwamba mla mwani akishibishwa vyakula vya nyama huvimba tumbo, naye mara nyingi hufa.

Asubuhi toa masalio yote ya mboga. Yakibaki yataoza, na uozo hutoa amonia, ambayo ni sumu kwa samaki. Uozo pia hutumia oksijeni iliyomo majini. Hapo utamwona pleko akipanda juu kwa ghafula, akigugumia hewa na kushuka tena. Tumbo lake lina uwezo wa kutwaa oksijeni katika hewa aliyoimeza, jambo linalomsaidia kwao mito inapopungua maji. Akifanya hivyo mara moja moja, usiwe na wasiwasi. Lakini akipanda kila mara, badili robo ya maji siku hiyo hiyo. Maji ya bomba yakae kwanza katika ndoo wazi usiku mzima ili klorini itoke.

Neno moja zaidi. Pleko mdogo sokoni ana urefu wa kidole, lakini aina nyingine hukua hupita sentimeta 30, na tangi likawa dogo. Usimmwage mtoni, ziwani wala katika bwawa la shule. Katika jimbo la Florida, Marekani, samaki hawa waliotupwa wameongezeka mno, na madume huchimba mashimo katika kingo za maji ili mayai yatagwe humo. Kingo nazo humomonyoka. Katika bwawa la Infiernillo nchini Meksiko, wavuvi waliozoea kuvua perege walianza kuvuta nyavu zilizojaa pleko, na mabamba na miiba yao ikazichana. Mrudishe kwa muuzaji, au mpe mtu mwenye tangi kubwa.

Kazi ya kufanya: Ikiwa shuleni au kwa jirani liko tangi lenye samaki wa aina hii, omba ruhusa ya kumchunguza kwa siku saba. Funika kioo cha tochi kwa karatasi nyekundu nyembamba, na umtazame saa mbili usiku. Andika katika daftari lako alikuwa wapi, alikuwa akikwangua nini, na tumbo lake lilikuwaje. Chora tumbo hilo siku ya kwanza na siku ya saba.