Rede Haina Mwalimu

Mtu akikuuliza habari za michezo ya Singida, jibu la haraka ni soka. Utamtajia Singida United, iliyopanda Ligi Kuu msimu wa 2017/18 na kufika fainali ya Kombe la Shirikisho mwaka 2018. Utamtajia Singida Black Stars ya sasa, na katikati hapo majina mengine ya timu ambayo hata mashabiki wenyewe huyachanganya. Akiwa mfuatiliaji wa riadha utamtajia Alphonce Simbu, mzaliwa wa mkoa huu, aliyeshinda marathoni ya dunia Tokyo mwezi Septemba 2025 kwa saa 2, dakika 9 na sekunde 48, akimzidi Mjerumani Amanal Petros kwa sehemu tatu za mia moja ya sekunde. Rede hutaitaja. Huenda hata hukuwahi kuihesabu kuwa ni mchezo, ingawa mama yako aliicheza, na dada zako wote.

Msimu wake hasa ni kiangazi. Alizeti imeshavunwa, mtama umeshaingia ndani, na ile ardhi ya kichanga kati ya majabali ya Singida imebaki wazi. Wanyaturu, Wanyiramba na Wanyisanzu ni wakulima na wafugaji, na kwa desturi kazi za watoto zimegawanywa tangu zamani: wavulana huondoka na ng'ombe asubuhi na kurudi jua likizama, wasichana hubaki karibu na nyumba kwa maji, kuni, jiko na kulea wadogo zao. Mgawanyo huo ndio ulioamua nani acheze nini. Mchungaji ana siku nzima na pori zima, akitaka kulenga shabaha kwa fimbo au jiwe ana nafasi. Msichana ana nusu saa, uwanja wa nyuma ya nyumba, na mtoto mgongoni. Mchezo wake lazima uanze upesi na uweze kukatizwa.

Rede inaweza yote hayo. Wawili husimama wakitazamana, mmoja huku na mwingine kule, na kati yao huingia wa upande wa pili. Wa pembeni wanarushiana mpira wakimlenga aliye katikati, naye anakwepa: anainama, anaruka, anajipinda. Mpira ukimgusa, ametoka. Lakini kukwepa pekee hakutoshi, maana chini pale katikati pana chupa tupu, na kazi yake ni kuijaza mchanga kwa viganja huku mipira ikimpita masikioni. Ujanja wote wa mchezo uko hapo. Ukishughulika sana na chupa utapigwa, na ukishughulika sana na mpira chupa haitajaa. Wasichana hodari hujaza huku macho yakiwa kwa mrushaji, mkono ukichota bila kuangaliwa.

Sheria nyingine hubadilika kutoka mtaa hadi mtaa. Kwingine mchezaji akifanikiwa humwokoa mwenzake aliyetoka, kwingine hupanga ndala badala ya chupa, na kwingine mchezo wenyewe huitwa nage. Kwa hiyo kabla ya kuanza kuna mashauriano, na mashauriano hayo wakati mwingine huwa marefu kuliko mchezo. Je, mpira ukigusa gauni tu, bila mwili, ametoka? Ukidunda chini kwanza je? Hakuna refa wa kuamua. Wanabishana, wanapaza sauti, mmoja anasusa, anabembelezwa, anarudi. Mtoto mdogo aliyeng'ang'ania kucheza huachwa aingie, akipigwa hatoki, na hakuna anayelalamika kwamba anaharibu mchezo. Watu wazima wanaosema watoto wanapiga kelele tu wangekaa kuwasikiliza wangewaona wakitunga sheria, wakizivunja na kuzirekebisha, mambo ambayo vikao vingi vya wakubwa hushindwa kuyamaliza kwa siku moja.

Mpira wenyewe hutengenezwa nyumbani. Zamani kiini chake kilikuwa mifuko ya plastiki iliyobanwa pamoja na kufungwa kamba, kama ule wa wavulana wa kuchezea soka. Kisha tarehe 1 Juni 2019 serikali ikapiga marufuku mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa, na pamoja na mambo makubwa ya mazingira yaliyozungumzwa siku hizo, malighafi ya mpira wa watoto ikaadimika. Matambara na soksi kuukuu havijapigwa marufuku na yeyote. Kwa rede, soksi iliyojazwa vitambaa ni bora zaidi hata hivyo: ina uzito wa kuruka mbali, na ikikupiga mgongoni inauma kiasi cha kukufanya ukwepe mara ya pili, si zaidi.

Nimeyaeleza haya kwa kirefu kwa sababu kuna mchezo mwingine wa kurusha, kukwepa na kukimbia ambao umeingia Tanzania kwa mlango tofauti kabisa. Mwaka 2012 Mjapani Shinya Tomonari, aliyekuwa akifanya kazi na shirika la maendeleo la Japani, JICA, alianza kuwafundisha wanafunzi besiboli, kwanza katika shule za sekondari Azania ya Dar es Salaam na Sanya Juu ya Kilimanjaro. Yakazaliwa mashindano ya taifa yaliyopewa jina la Koshien, kwa kufuata yale ya shule za sekondari za Japani yaliyoanza mwaka 1915, na mwaka 2018 ukakamilika uwanja wa besiboli pale Azania kwa msaada wa Wajapani. Mechi huanza na kumalizika kwa timu mbili kupangana mistari na kuinamiana kwa heshima. Walimu wake wanasema wazi kwamba wanalea nidhamu kwanza, ushindi baadaye.

Wajapani nao waliupata mchezo huu kwa mwalimu: Mmarekani Horace Wilson, aliyekuwa akifundisha Tokyo, ndiye anayetajwa kuuingiza mwaka 1872. Jirani zetu Uganda wana historia yao, na mwaka ule ule wa 2012 watoto wa Lugazi walikuwa timu ya kwanza ya Afrika kucheza fainali za dunia za watoto huko Williamsport, Marekani. Nchini Kenya shule za msingi zilirithi kwa Waingereza mchezo wa raunda, ambao ni ndugu wa besiboli, na ukawa wa wasichana. Kila mahali njia ni ile ile: shule, mwalimu, vifaa, ratiba. Besiboli inahitaji gongo, glavu, mpira mgumu, kofia ya kumlinda mpigaji na uwanja mpana usio na dirisha la jirani karibu.

Rede haina mwalimu. Binti wa miaka saba anajifunza kwa kusimama pembeni, halafu kwa kuokota mipira iliyopotea, halafu siku moja anaambiwa ingia. Hakuna aliyeiandikia bajeti na bado imefika kila kijiji. Kwangu hiyo ndiyo maana kamili ya desturi. Lakini ina gharama yake: kisichokuwa na mwalimu hakina kombe pia, wala hakimfikishi mtu Dar es Salaam. Msichana anaacha rede akipevuka, pengine hata kabla, na kama ana bahati atakutana nayo tena akiwa mama, kwenye bonanza la wanawake, akicheka na kuhema.

Hata uwanja mkubwa wa mjini Singida, uliokuwa Namfua, sasa una jina la Liti. Ni jina la mwanamke wa Kinyaturu ambaye masimulizi ya Singida yanasema aliwakabili Wajerumani kwa kuwatumia nyuki. Wanaocheza humo siku za mechi kubwa, kwa sehemu kubwa, ni wanaume.

Chama cha besiboli cha Tanzania kinasimamia pia softiboli, ambayo duniani kote ni mchezo wa wanawake hasa. Kocha atakayeileta Singida pengine ataanza kwa wavulana wa sekondari, kama ilivyo kawaida, na atawapata. Wenye mikono iliyokwisha kuzoea kulenga mtu anayekwepa, na macho yaliyozoea kufuata mpira huku mkono ukifanya kazi nyingine, atawakuta nyuma ya nyumba saa kumi na moja jioni. Itambidi azungumze na mama zao kwanza, maana saa ya mazoezi ndiyo saa ya maji.