Farasi wa Venice na zebaki ya Masumbwe

Mchimbaji mdogo wa Masumbwe akishamaliza kuosha mwaloni, huitia zebaki iliyoshika dhahabu kwenye kitambaa na kuikamua. Zebaki huchuruzika vidoleni, kikabaki kidonge chenye rangi ya fedha. Hicho ndicho kinachochomwa mpaka njano itokeze.

Vitruvius, msanifu majengo wa Roma aliyeandika zaidi ya miaka 2,000 iliyopita, anaeleza namna ya kuokoa dhahabu iliyofumwa kwenye nguo chakavu. Choma nguo ndani ya chungu, majivu yatie kwenye maji, ongeza zebaki, mwaga maji, kisha kamua kwa kitambaa. Kinachokosekana hapo ni karasha tu.

Nimeanza na kitambaa kwa sababu anayekijua ataelewa upesi kazi ya Andrew Oddy, aliyekuwa mtaalamu wa uhifadhi wa British Museum. Katika miaka ya 1970 yeye na wenzake walichunguza sanamu za kale za shaba zilizovikwa dhahabu, wakiuliza: dhahabu hii imeshikaje? Wakati mwingine fundi alibandika dhahabu iliyofuliwa ikawa nyembamba kuliko karatasi. Wakati mwingine aliichanganya na zebaki, akaupaka mchanganyiko huo juu ya sanamu na kuipasha moto. Zebaki huchemka kwenye nyuzijoto 357. Dhahabu haiyeyuki mpaka 1,064. Kwa hiyo ya kwanza hupanda na moshi, ya pili hung'ang'ania shaba. Ila zebaki haiondoki yote. Mabaki yake hukaa ndani ya dhahabu karne kwa karne, na vipimo vya eksirei huyabaini.

Mabaki hayo yalikutwa kwenye sanamu za farasi wanne wa kanisa la San Marco, Venice, walioporwa Constantinople mwaka 1204. Wataalamu walikuwa wamebishana kwa vizazi kama ni kazi ya Wagiriki au ya Warumi. Kwa kuwa upakaji wa zebaki ulienea wakati wa dola la Roma, mizani iliegemea karne ya 2 au ya 3 baada ya Kristo.

Mimi kinachonishika zaidi ni shaba yenyewe. Wasubu sanamu huongeza bati na risasi ili shaba itiririke vizuri kwenye kalibu. Farasi hawa ni shaba karibu asilimia 98, madini mabishi kuyamimina, na miili yao imejaa viraka palipokataa kujaa. Mafundi mahiri namna ile walijitesa kwa nini? Risasi huyeyuka ndani ya zebaki, na kwenye moto huchafua dhahabu kwa madoa. Basi waliamua taabu iwe kwenye kalibu, kwani kiraka kingefunikwa na dhahabu lakini doa lisingefichika. Anayeviita viraka vile uzembe hajawahi kupaka zebaki.

Zebaki ya Roma ilitoka hasa Hispania, kwenye machimbo ya Sisapo, eneo la Almadén ya leo. Plinius, mwandishi wa Roma aliyefariki mwaka 79, anasema waliosaga jiwe jekundu linalotoa zebaki walijifunga usoni ngozi ya kibofu cha mnyama ili wasivute vumbi lenye sumu, wakiiacha ilegee kidogo wapate kuona juu yake.