Flamingo wa Naks Wanaishi kwa Jua, Sasa Mbona Wamehepa?

Ukipiga stori na wasee wa gemu na muvi za sayari za mbali, lazima mmoja ataleta wale viumbe wanaokula mwanga. Hawapiki, hawawindi, wanasimama tu kwa jua na wanashiba. Noma sana. Lakini kama umelelewa Naks, unajua hio si hadithi tu. Hao viumbe tumekuwa nao hapo chini ya mji miaka yote, na watalii wanalipa geti kuwaona.

Mpishi ni nani?

Tuanze na yule mdogo, huwezi kumwona bila darubini. Anaitwa spirulina. Ni bakteria, si mmea, na amejikunja kama springi ya kalamu. Anapenda maji ya magadi, yenye joto na chumvi mob, yale samaki wengi hawawezani nayo. Ndani yake kuna klorofili ya kijani na rangi ingine ya bluu. Hizo ndizo nyavu zake za kunasa jua. Anachukua mwanga, maji na kaboni, anajipikia hapo hapo bila gesi wala makaa.

Usimdharau. Ukoo wake ndio ulianza kujaza hewa na oksijeni, zaidi ya miaka bilioni 2 iliyopita. Pumzi umevuta saa hii, wao ndio walianzisha hio job.

Pinki inatoka wapi?

Flamingo mdogo, ile aina iliyofanya Nakuru ijulikane, hanasi mwanga mwenyewe. Anakula aliyenasa. Anainamisha kichwa mpaka mdomo unaangalia juu chini, ulimi unavuta maji kama pampu, na kwa mdomo kuna nyuzi laini zinafanya kazi ya kichungi cha chai. Maji yanatoka, spirulina inabaki.

Hio spirulina iko na karotini, jamaa ya ile iko kwa karoti. Mwili wa ndege unaigeuza kuwa rangi ya manyoya. Kifaranga huanguliwa bila hio pinki, anaipata polepole kadri anavyokula na kukua. Kwa hivyo ukiona flamingo amewaka, hapo unaangalia jua limepitia tumbo mbili.

Na akili? Hawaongei kwa mawazo kama wale wa muvi, lakini rada yao iko juu. Maziwa ya magadi hubadilika: leo chakula kimejaa, miezi michache baadaye hakuna kitu. Flamingo wanahama usiku, wanapita Elementaita, Bogoria, Magadi, hadi Natron kule Tanzania, mahali karibu wote wa Afrika Mashariki hutagia mayai. Hawana simu, na bado wanapata penye kumeiva.

Sasa shida iko wapi?

Maji. Kati ya 2009 na 2022, Ziwa Nakuru liliongezeka ukubwa kwa asilimia 91. Hio ni karibu mara mbili. Geti kuu la zamani la mbuga lilimezwa, migunga ikafa ikiwa imesimama ndani ya maji, na pande za Mwariki watu walihama keja zao.

Utafiti uliotoka 2024 kwa jarida la Current Biology ulicheki picha za satelaiti za maziwa 22 ya huku kwetu. Kwa Nakuru, klorofili ilipungua nusu kipindi hicho hicho ziwa lilikuwa linafura.

Fikiria chai ya mathe. Ukijaza maji kwa sufuria na huongezi majani wala sukari, unapata nini? Maji moto. Mvua ikizidi na misitu ya Mau ikikatwa, maji yanateremka kwa fujo, magadi yanapoteza makali, spirulina inakonda. Jua ni lile lile, linawaka kila siku. Wa kulinasa ndio wamepungua.

Alafu kumbuka hili ziwa halina mto wa kutoa maji nje. Kitu chochote mji unaachilia kwa mitaro na Mto Njoro, kikifika huko kimefika.

Si waliisha?

Nikiwa class four tulipelekwa trip, tukasimama juu ya Baboon Cliff. Ufuo wote ulikuwa pinki, ungedhani mtu amemwaga rangi. Juzi nilipeleka kasin yangu mdogo pale pale. Akaniuliza, "Flamingo wako wapi?" Nikamwonyesha kamstari kembamba huko mbali. Akadhani namchezea.

Ziwa hili lilikuwa linabeba zaidi ya flamingo milioni moja wakati mmoja. Dereva wa vani, gaidi wa mbuga, mathe wa kuuza shanga, wote walikuwa wanakula hapo. Hao pia walikuwa wanaishi kwa jua, hatua ya tatu.

Kwa hivyo msee akikushow ati flamingo wa Naks waliisha, mwambie zii. Huja na kwenda, na wengi wamefuata chakula. Kitu inafaa kututisha ni kwamba Bogoria na Elementaita nazo zimefura. Ukiwa flamingo na kila base yako inajaa maji, utahepea wapi?